Mama Pasi na Muungano Uliouzwa Mchana Kweupe

Wengi hudhani jina la Mama Pasi lilitokana na kazi yake. Ni kweli alikuwa akifua na kupiga pasi mashuka ya hospitali ya wilaya tangu usichana wake, lakini dobi walikuwa wengi mle ndani na pasi ilikuwa ya wote. Jina alilipata siku msimamizi mmoja alipotaka kumrudisha kazini mwenzao aliyejifungua juzi tu. Mama Pasi alimfuata ofisini, akafunga mlango nyuma yake, na alichomwambia huko hakuna aliyekisikia chote. Msimamizi alitoka akijifuta jasho, akawaambia walinzi, "Yule mama ukimgusa unaungua." Mwenzao akapata likizo yake, na yeye akapata jina.

Chumba cha dobi kilikuwa nyuma kabisa ya hospitali, kati ya jiko na chumba cha maiti, mahali ambapo wageni wa heshima hawafikishwi. Mvuke ulipanda mpaka darini ukarudi chini kwa matone. Mashine zilinguruma kiasi kwamba wanawake wale walizoea kupayuka hata wakiwa majumbani mwao, na waume zao wakadhani wanagombezwa. Mashuka ya wodi ya wazazi, gauni za upasuaji, blanketi za watoto, mapazia, yote yalipita mikononi mwao. Kazi ilikuwa ngumu, lakini ilikuwa kazi. Mtu akiugua alilala kitandani kwake akijua nafasi yake ipo. Akizeeka alikuwa na kiinua mgongo chake.

Kisha serikali ikaamua kwamba kufua si kazi ya hospitali. Dobi ikakabidhiwa kampuni. Kampuni ikaja na sare mpya za kijani na mikataba ya mwezi mmoja mmoja, na kila mwisho wa mwezi wanawake wale walisimama nje ya ofisi kama watoto wa shule wanaosubiri matokeo. Aliyekohoa sana hakuitwa tena. Mama mmoja mpole, ambaye wote walimwita Dada Mkubwa, aliunguzwa mkono na mashine ya pasi kutoka kiganjani mpaka kwenye kiwiko. Kampuni ilimpa pole kwa simu. Mwezi ulipokwisha, ikamwambia, kwa simu hiyo hiyo, kwamba mkataba wake haukuendelea.

Mama Pasi alilia siku ile, na hakuwa mtu wa kulia. Kisha alifuta machozi akaingia kwenye siasa kwa miguu yote miwili.

Kusema kweli, alikuwa mwanachama wa Chama cha Kazi tangu zamani, chama kidogo cha wafanyakazi kilichokuwa na makelele mengi na viti vichache. Nyumbani kwao siasa ilikuwa ugomvi wa kudumu, kwa sababu mdogo wake mumewe, mwalimu wa sekondari aliyependa kuvaa tai hata Jumapili, alikuwa wa Chama cha Haki. Vyama vyote viwili vilikuwa vya upinzani, vyote vilitaka hospitali za umma na shule za bure, na vilichukiana kuliko vilivyokichukia chama tawala. Kila uchaguzi vilikatana kura, na mgombea wa serikali akapita katikati yao akitabasamu. Kila mkutano wa ukoo uliishia kwa mtu na shemejiye kunyoosheana vidole juu ya sahani.

Mumewe Mama Pasi, fundi viatu asiye na chama, aliwaambia wageni, "Humu ndani kuna vyama viwili. Mimi ni tume ya uchaguzi. Kazi yangu ni kukaa kimya na kulaumiwa."

Basi siku moja Mwalimu aliingia uani kwa kaka yake mbio, tai imekwenda upande, akiwa na redio ndogo mkononi kama amebeba mtoto mchanga.

"Shemeji! Umesikia?"

"Nimesikia nini? Mmeshindwa tena kuchagua mwenyekiti?"

"Wameungana! Chama chenu, chetu, na kile cha wakulima. Mgombea mmoja kila jimbo. Muungano unaitwa Safu Moja."

Mama Pasi aliliweka chini beseni alilokuwa amelishika. Walikaa wote watatu kwenye benchi la fundi, wakasikiliza viongozi watatu wakisoma kwa zamu: huduma zote za hospitali zirudi mikononi mwa umma, ajira za mwezi mwezi zikome, ada zifutwe mashuleni. Mama Pasi aliposikia neno "dobi" likitamkwa redioni, likitajwa kabisa pamoja na wapishi na wasafishaji, alishika mkono wa shemejiye bila kujua. Mwalimu naye aliuacha mkono wake ushikwe. Walikuwa hawajashikana mikono kwa miaka, hata kwenye misiba.

Kulikuwa na jambo moja tu. Chama cha Kazi kilikuwa kimeshampitisha Mama Pasi kugombea ubunge wa jimbo lile. Alikuwa amepigiwa kura na wanachama ukumbini, akainuliwa juu juu, viatu vikadondoka. Wiki chache baada ya tangazo la redioni, katibu wa mkoa wa chama chake alikuja nyumbani, mtu mnene wa miwani aliyekataa kiti kwanza, kisha akakikubali.

"Mama, wakubwa wamegawana majimbo," alisema. "Hili limekwenda kwa Chama cha Haki. Wanamleta mwanasheria mmoja, kijana msomi, anajulikana."

"Anajulikana na nani? Hapa hajulikani hata na mbwa."

"Mama, ni kwa ajili ya umoja."

"Na umoja huo kwa nini haukuanzia kwa huyo mwanasheria kunipisha mimi?"

Katibu alivua miwani, akaifuta kwa shati, akaivaa tena. Nafasi ile Mama Pasi aliitaka. Hakujifanya haitaki. Alikuwa ameshaota akisimama bungeni na mikono yake iliyopauka kwa dawa za kufulia, akiuliza kwa nini Dada Mkubwa alitupwa kama tambara. Lakini alikuwa pia amehesabu kura za nyuma kama kila mtu, na alijua wakisimama wawili watashindwa wote wawili.

"Nitampisha," alisema mwishowe. "Ila aje dobi. Aje aseme mbele ya wenzangu atakachofanya. Si hapa, si jukwaani. Dobi."

Mwanasheria alikuja kweli. Alikuwa na sauti nzuri, ile ya mtu aliyezoea kusikilizwa, na alikuwa na busara ya kuvua koti kabla mvuke haujamvua. Aliwasalimia wanawake mmoja mmoja. Dada Mkubwa, aliyekuwa ameitwa makusudi, alimwonyesha mkono wake wenye kovu linalong'aa. Mwanasheria aliushika mkono ule kwa mikono yake miwili, akasema kwa sauti iliyovuka ngurumo za mashine, "Mama, nikiingia bungeni, swali langu la kwanza litakuwa mkono huu. Na dobi hii itarudi hospitalini. Nikishindwa kulifanya hilo, njooni mnidai."

Wanawake walipiga vigelegele. Mama Pasi hakupiga, alikuwa anamtazama machoni. Lakini hata yeye alimwamini. Hilo ndilo lililokuja kumuuma kuliko yote.

Kwenye mkutano mkubwa wa kampeni alipanda jukwaani, akamwinua mkono Mwanasheria mbele ya umati. "Mnaonipenda mimi, mpeni huyu," alisema. "Mkimnyima mmeninyima mimi." Umati ulilipuka. Watu wa dobi, wapishi, wahudumu wa wodi, wauza sokoni, watu ambao hawakuwahi kukipigia Chama cha Haki hata siku moja, waliondoka pale wamebeba bendera zake.

Kisha ikaanza kazi ya mlango kwa mlango, yeye na Mwalimu, kutwa nzima kila siku ya mapumziko. Walikuwa kichekesho cha mtaa. Mwalimu alianza kila maongezi kwa historia ya katiba, na mwenye nyumba akaanza kusinzia, mpaka Mama Pasi alipomkanyaga mguu. "Shemeji anachotaka kusema," alidakia, "ni kwamba mwanao akilazwa, shuka atakalolalia lifuliwe na mtu aliyeshiba." Watu wakacheka, wakafungua milango zaidi. Walipigwa jua pamoja, wakafukuzwa na mbwa pamoja, na njiani walibishana kwa raha kama watu waliogundua kwamba miaka yote walikuwa wakibishana upande mmoja.

Jimbo lilichukuliwa. Chama tawala kilikuwa hakijawahi kulipoteza. Nchi nzima Safu Moja haikupata serikali, lakini ilipata viti vingi hivi kwamba wazee wa chama tawala walionekana kwenye televisheni wakimeza mate. Mtaani watu walikumbatiana. Mwalimu alicheza, na kila aliyemwona akicheza aliomba asirudie.

Safu Moja haikufikisha hata mwaka.

Mama Pasi alizipata habari kwenye ua wa dobi, wakati wa chakula, wanawake wamekaa juu ya ndoo zilizopinduliwa na redio ikiwa dirishani. Viongozi watatu walikuwa wamegombana juu ya nani awe kiongozi wa upinzani bungeni, nani akae kiti gani, nani atangulie kutajwa. Chama cha wakulima kilijitoa asubuhi. Mchana huo huo mwenyekiti wa Chama cha Haki akatangaza kwamba, kwa maslahi ya taifa, chama chake kimekubali kuingia serikalini. Yakasomwa majina ya mawaziri wapya. Naibu waziri wa afya: Mwanasheria.

Hakuna aliyetafuna tena. Mmoja wao aliuliza, kwa kunong'ona, "Sasa si ndio vizuri? Si yuko kwenye afya?"

"Tutaona," Mama Pasi alisema. Lakini chakula chake alikifunika akakiweka kando.

Jioni alikwenda moja kwa moja kwa Mwalimu, akamkuta anasahihisha madaftari ya wanafunzi.

"Chama chako kimetuuza."

"Shemeji, subiri. Viongozi wana sababu zao. Ukiwa ndani ya serikali unaweza kufanya mengi kuliko ukiwa nje unapiga kelele."

"Tulikwenda kwenye milango ya watu, wewe na mimi. Tuliwaambia wachague watu wa kuiondoa serikali hii. Hatukuwaambia wachague watu wa kwenda kukaa nayo mezani."

"Siasa ni kubadilika kufuatana na hali."

"Usinifundishe siasa kama mtoto wa kidato cha kwanza!" Sauti yake ilivuka ukuta, majirani wakanyamaza kusikiliza. "Nilimwinua mkono yule mtu. Mimi! Watu waliniona mimi. Nitapita wapi mtaa huu? Niwaambie hali imebadilika?"

Aliondoka bila kuaga. Mwezi ule wote shemeji wawili hawakusemeshana, na fundi viatu alibeba salamu huku na huku mpaka akachoka, akasema tume imejiuzulu.

Mwezi ulipokwisha, Naibu Waziri alikuja hospitalini. Hakuja kuirudisha dobi. Kampuni ilikuwa imeongezewa mkataba wa muda mrefu, na imenunua mashine mpya ya kukaushia, naye alikuja kukata utepe. Wanawake waliamriwa kuvaa sare safi na kupanga safu mbili mlangoni ili wapige makofi. Kwa mara ya kwanza mgeni wa heshima alifikishwa kule nyuma, tena kwa zulia, kwani mtu alikuwa ametandika zulia kwenye ile sakafu ya maji.

Mwanasheria alisema maneno mazuri juu ya ushirikiano wa serikali na sekta binafsi. Alisema hii ndiyo sura mpya ya huduma za afya. Sauti yake ilikuwa ile ile. Alipomaliza na makofi kuanza, Mama Pasi alitoka kwenye safu.

"Mheshimiwa, ulisema tukudai. Nimekuja kudai."

Msimamizi alimshika mkono, naye akauchomoa.

"Mama yangu," Mwanasheria alisema, akitabasamu kwa wapiga picha, "nakukumbuka sana. Tutaonana ofisini, tutazungumza."

"Hukuahidi ofisini. Uliahidi hapa, umesimama hapo hapo ulipo. Uliushika mkono wa mwenzetu ulioungua. Uliuliza lile swali bungeni?"

"Mambo haya yana utaratibu wake..."

"Uliuliza, au hukuuliza?"

Mashine zilikuwa zimezimwa kwa ajili ya sherehe, kwa hiyo kila mtu alilisikia swali. Macho ya Mwanasheria yalikwenda kwa msaidizi wake, yakaenda kwenye utepe, yakaenda mlangoni.

"Mimi ningekuwa mbunge," Mama Pasi alisema, na sasa sauti yake ilikuwa imeshuka, jambo ambalo wenzake waliliogopa zaidi. "Nilikupisha. Sikukupa kiti changu, nilikupa cha hawa. Umekichukua ukakiuza, na leo umekuja kutukatia utepe tupige makofi. Sipigi."

Akarudi kwenye safu, akaweka mikono nyuma. Mwenzake wa kushoto akaweka yake nyuma. Ikaenda hivyo mpaka mwisho wa safu. Naibu Waziri alikata utepe kwenye ukimya, mkasi ukasikika.

Siku iliyofuata Mama Pasi aliambiwa kwamba mkataba wake umekwisha. Miaka yote ile, tangu usichana, ikamalizwa na msimamizi ambaye hakuweza hata kumtazama usoni.

Wenzake waligoma. Hapo palizuka ugomvi mwingine, maana hospitali haiwezi kukaa bila mashuka, na anayeumia kwanza si naibu waziri. Mama Pasi mwenyewe, aliyefukuzwa, ndiye aliyekuja getini kuwaambia wasikatae yote. "Fueni ya upasuaji na ya wazazi na ya watoto," alisema. "Mapazia ya ofisi yakae. Vitambaa vya meza vya mikutano vikae. Mashuka ya wodi ya waheshimiwa yakae mpaka yanuke." Yakakaa, na yakanuka.

Siku ya tatu ya mgomo Mwalimu alitokea getini. Hakuwa amevaa tai. Alisimama pembeni kidogo kama mwanafunzi aliyechelewa, mpaka Mama Pasi alipomwona.

"Shemeji, nilikuwa mkutanoni kwenye tawi letu," alisema. "Nilisimama nikauliza nani aliwapa ruhusa. Walisema tawi halina mamlaka ya kuuliza. Miaka yote nimekitumikia chama kile, leo sina mamlaka ya kuuliza."

"Ukawaambia nini?"

"Nikatoka. Nikajikwaa mlangoni, lakini nilitoka."

Mama Pasi alisogea kwenye ukingo wa ukuta kumpa nafasi ya kukaa. "Wewe hata kususa hujui," alisema, na wote wawili wakacheka, wakacheka zaidi ya ilivyostahili, hadi wanawake wengine wakageuka kutazama.

Mgomo ulimalizika kwa nusu ya ushindi. Wote walirudi kazini isipokuwa Mama Pasi. Mikataba ikawa ya mwaka badala ya mwezi. Zikaletwa glavu ndefu za kukinga moto, na Dada Mkubwa akaitwa tena, akapewa kazi ya kukunja mashuka, mbali na mashine. Dobi yenyewe ilibaki mali ya kampuni, na iko hivyo mpaka leo.

Makao makuu yalivunja muungano, lakini kwenye kata ile watu walikataa kuvunjika. Wanachama wa vyama vitatu waliendelea kukutana karakanani kwa fundi viatu, kati ya soli na gundi, na bango la Safu Moja likaachwa ukutani. Barua za kuwafukuza zilikuja kutoka pande zote. Mama Pasi alifukuzwa na Chama cha Kazi kwa kushirikiana na Chama cha Haki, na Mwalimu akafukuzwa na Chama cha Haki kwa kushirikiana na Chama cha Kazi. Walizisoma kwa sauti mbele ya wenzao, na hawakuweza kumaliza kwa kicheko. Lakini usoni mwa Mama Pasi kicheko kilikufa kwanza. Watu wale wale walioshindwa kukaa meza moja walikuwa wameona vema kumwadhibu yeye kwa kukaa meza hiyo hiyo.

Diwani wa kata alipoacha kiti akahamia mji mwingine, Mama Pasi alisimama bila chama. Safari hii hakumpisha mtu. Mwalimu alipita naye milango ile ile, na alipoanza na katiba alikanyagwa mguu kama kawaida. Mama Pasi alishinda. Hakushinda kwa kishindo, kwa sababu milango mingine haikufunguliwa kabisa. "Ulituambia tumpe yule," mama mmoja alisema nyuma ya pazia, "tukampa." Mama Pasi alisimama pale akalipokea neno lile. "Ndiyo," alisema, "nilisema." Kisha akaenda mlango unaofuata.

Kwenye vikao vya halmashauri hana mwenzake wa kumuunga mkono, na mwenyekiti amemwambia akae chini mara nyingi. Huuliza lile swali la dobi kila kikao. Watu wazima wenye suti humwambia nje, kwa upole, kama wanamfariji, "Mama, si unajua, siasa ndivyo ilivyo." Hapo ndipo huwaka. "Siasa ni ile tuliyoifanya mimi na shemeji yangu juani," huwaambia. "Hiyo yenu ina jina lingine."

Uchaguzi mkuu mwingine unakaribia. Juzi wanaume watatu kutoka makao makuu walifika kwa fundi viatu wakiwa na gari safi. Mmoja alikuwa yule katibu wa miwani. Kuna muungano mpya, walisema. Jina bado, lakini moyo ni ule ule. Wangependa sana kuwa na mtu kama yeye jukwaani.

Mama Pasi aliwapa viti. Mwalimu alisimama mlangoni, mikono kifuani.

"Kabla hamjaniambia mtakachotufanyia," Mama Pasi alisema, "niambieni kwanza mlichotufanyia. Kwa midomo yenu. Mmoja mmoja."

Walitazamana. Mmoja alianza na habari ya mazingira magumu ya wakati ule. Mwingine aliangalia saa. Katibu alivua miwani, akaifuta kwa shati.

"Nasubiri," alisema Mama Pasi.